Jicho Lililozoea Mpira

Walikutana kwenye lango la uwanja siku ya fainali, watu wamebanana kama nini. Mfamasia alijikwaa kwenye waya wa kamera akamwangukia mpigapicha, msichana mwenye kofia nyekundu.

"Pole, kaka. Ila mpira unachezwa kule," msichana akamwambia.

Mfamasia akambandika msichana jina la Jicho. Mapenzi yakanoga miaka miwili, mpaka Jicho alipoacha kupiga picha za mpira akaenda kupiga filamu.

"Leo mmepiga nini, mpenzi?" mfamasia aliuliza kwenye simu.

"Uso wa mwigizaji mkuu. Siku nzima."

"Siku nzima? Mimi hujawahi kunitazama hata dakika tano."

"Acha wivu, laazizi, kazi yenyewe inaniponyoka. Mkono umezoea kukimbiza mpira, moyo ukishtuka tu kamera inahama. Mwongozaji kasema nikiharibu tena, nirudi uwanjani."

Mfamasia alisikia neno moja tu: uso. Kesho yake alifunga duka mapema, akavaa shati jeupe la kwendea harusi za watu, akaenda wanakopiga filamu, akakaa nyuma ya mafundi wa taa. Wivu hauna adabu.

Mwigizaji alikuwa mrefu, suti ya kijivu, meno yamepangika. Akamtazama Jicho kando ya lenzi, akasema kwa sauti ya chini, "Bila wewe sina pa kwenda."

Yalikuwa maneno ya filamu, mfamasia alijua. Yalimchoma vilevile. Akainuka, akashika njia ya mlangoni.

"Kata. Kamera imekwenda wapi?" akafoka mwongozaji, mama wa makamo asiye na mzaha.

Wakairudisha picha kwenye skrini. Mwigizaji alionekana kidogo, kisha akaachwa, na kamera ikamfuata mtu wa shati jeupe hatua kwa hatua mpaka mlangoni. Mfamasia aligeuka, na alipojiona kwenye skrini akaona aibu na raha kwa pamoja.

"Huyu ni nani?" mwongozaji akauliza.

"Mtu wangu, mama," Jicho akajibu, machozi yakimlengalenga. Kazi aliiona inakwenda.

"Kosa langu, mama," mfamasia akasema. "Mpe nafasi moja. Sitainuka."

Akarudi kuketi. Mwigizaji akayamwaga mapenzi yote upya, neno kwa neno, na mfamasia akayameza kama dawa chungu. Kamera haikutikisika.

"Hiyo ndiyo," mwongozaji akasema.

Jicho akavua kofia, akamfuata mfamasia mpaka kwenye kiti.

"Jumamosi uje nyumbani umwone baba."

"Nitakuja Ijumaa," mfamasia akasema.