Leseni Peke Yake Haitoshi

Limi alikuwa akianika michembe nje ya nyumba yake. Michembe ni viazi vitamu vilivyokatwa vipande na kukaushwa juani. Yeye na mumewe, Makoye, wanaishi katika kijiji kimoja cha Kishapu. Wanalima pamba na kufuga ng'ombe.

Ghafla mlipuko ulisikika. Ardhi ikatetemeka. Jiwe kubwa kama kichwa cha ndama likaanguka uani, karibu kabisa na miguu yake. Vumbi jeupe likafunika viazi vyote.

Jiwe lilitoka kwenye machimbo ya kokoto ya Bwana Valerian, kilimani nyuma ya nyumba yao. Machimbo hayo yalikuwa yameshapasua ukuta wao. Lambo la kunyweshea ng'ombe nalo lilikuwa likijaa tope.

Jioni Makoye alirudi kutoka kazini. Alikuwa kibarua katika machimbo hayohayo.

"Baba Noela, leo nimeponea chupuchupu," Limi alisema. "Nakwenda kushtaki."

"Ukishtaki, mimi nitafukuzwa," Makoye alijibu. "Halafu Valerian ana leseni. Imebandikwa ofisini kwake. Tutamfanya nini?"

Asubuhi Limi alikwenda kwa jirani yake, Salome. Salome ni msaidizi wa kisheria. Amefunzwa kuwaelewesha watu sheria.

"Mwangaluka, Salome," Limi alimsalimia kwa Kisukuma. Kisha akamweleza yote.

"Pole sana, Mama Noela," Salome alisema. "Leseni inamruhusu kuchimba. Lakini leseni peke yake haitoshi. Anatakiwa awe pia na cheti cha mazingira. Kabla hajakipata, wataalamu huja kuangalia madhara. Majirani nao huulizwa. Wewe uliulizwa?"

"Nani aniulize? Sisi tulisikia baruti tu!"

"Basi twende NEMC. Hilo ndilo baraza la serikali linalosimamia mazingira."

Wataalamu wa NEMC walifika kijijini. Walikagua, wakakuta Valerian hana cheti. Wakamwamuru asimamishe kazi. Alisimama kidogo, kisha baruti zikaanza tena.

"Sasa tunakwenda mahakamani," Salome alisema. "Kila mtu ana haki ya kuishi katika mazingira safi na salama. Haki hiyo ikivunjwa, unaweza kufungua kesi."

Aliwatafutia wakili wa msaada wa kisheria. Limi na majirani wakafungua kesi.

Limi hakumwomba mumewe awe shahidi. Alijua anaiogopea kazi yake. Lakini siku ya kesi, Makoye alivaa shati lake safi.

"Na mimi nakwenda," alisema. "Nitasema nilichokiona."

Mahakamani Valerian alikana. Alisema mawe yake hayafiki kwenye nyumba za watu. Makoye akaitwa.

"Mheshimiwa, mimi napakia kokoto pale. Baruti inapigwa bila king'ora. Hata sisi vibarua tunakimbia ovyo. Jiwe lililoanguka kwangu lilitoka pale."

Mahakama iliamuru machimbo yafungwe mpaka cheti kipatikane. Valerian aliamriwa pia kurekebisha alichoharibu.

Msimu huo Makoye alishinda shambani, akivuna pamba na mkewe. Wataalamu walirudi. Safari hii waliwauliza majirani, na Limi alizungumza wa kwanza. Valerian alihamishia ulipuaji upande wa pili wa kilima, mbali na nyumba. Alizoa tope lambo likawa safi, akajenga upya ukuta. Hatimaye alipata cheti, akawaita vibarua wote.

Makoye alipofika, Valerian alimgeukia.

"Ungeniambia mapema," alisema.

"Bosi, na wewe ungetuuliza mapema."

Valerian akacheka, akampa kofia ngumu na barakoa ya kuzuia vumbi.

Siku hizi king'ora hulia kwanza. Juzi Limi alikisikia akiwa amempakata mjukuu wake mchanga, mtoto wa binti yake Noela. Akasubiri. Mlipuko ukasikika kwa mbali sana. Akamtazama mtoto. Alikuwa amelala fofofo.