Kadi ya Mashine ya Abdul

Kompyuta zote zilikuwa zinawaka, lakini hakuna gemu lililofunguka.

"Televisheni zipo, spika zipo," alisema Inspekta Noela, akizunguka ndani ya banda la gemu pale Kalangalala. "Mwizi gani huyu?"

"Kachukua kadi ya kumbukumbu tu, afande," alijibu Raudha, mjane mwenye banda. "Ina faili la mfumo la ile mashine ya zamani ya gemu ya marehemu mume wangu Abdul, ambayo kompyuta hizi zinaiiga. Bila hilo gemu haziamki. Na mimi na wanangu hatuli."

"Si upakue mtandaoni?"

"La mtandaoni ni la wizi. Hili fundi alilitoa kwenye mashine yetu wenyewe."

"Mashine iko wapi?"

Raudha alisonya. "Shemeji yangu Akida aliibeba matanga hayajaisha, akaiuza Isaka. Alidhani biashara yote ya banda imo humo."

Kufuli halikuvunjwa. Kwenye kompyuta iliyokuwa na kadi kulikuwa na vumbi la kijivu la mawe ya dhahabu yaliyosagwa, na juu yake alama ya kidole gumba.

Akida alikuwa na karasha, mtambo wa kusagia mawe hayo. Kituoni alichukuliwa alama za vidole, Raudha akingoja kwenye benchi. Zilioana.

"Ufunguo wa banda unao?" Noela aliuliza.

"Ninao. Wa kaka yangu."

"Umeingia lini?"

"Tangu msiba sijaingia."

"Kwa hiyo kidole kilikwenda peke yake?"

Noela alimsogezea picha ya alama ya gumba.

"Kadi iko wapi, bwana?"

"Kwenye karasha. Imesagwa pamoja na mawe."

Raudha aliruka kutoka kwenye benchi. "Akida! Wanangu si watoto wa kaka yako?"

"Kaka alipasua mawe mpaka shimo likamfukia!" Akida alifoka. "Wewe ukae unakusanya wateja? Nimeuza mashine, banda likazidi kujaa. Watu wananicheka mpaka Ushirombo, eti nilibeba sanduku tupu!"

Noela alipiga meza. "Ndiyo sababu?"

"Nilimwambia nimrithi, awe mke wangu. Akanikatalia mbele ya wazee, kama mbwa! Nikasema gemu zikifa, njaa itamleta."

Noela alivuta karatasi ya maelezo, kalamu ikikwaruza kwa nguvu.

"Andika yote, afande," alisema Raudha, akifunga khanga kiunoni. "Na jibu langu uliandike humo humo. Bado sitaki."