Nani Aliua Dawa ya Soja?

Kila asubuhi Georgette aliwasha moto, akapika uji, akamlisha binti yake Arlette. Kisha alimbeba mgongoni, akachukua jembe, akaenda shambani. Kutoka nyumbani kwake, mjini Baraka, mpaka shambani, karibu na mto Mutambala, ni mwendo wa saa moja kwa miguu.

Shamba hilo halikuwa lake peke yake. Lilikuwa la kikundi cha akina mama kumi na mmoja. Walipanda soja. Nesi wa kituo cha afya aliwaambia kwamba uji wenye unga wa soja unawapa watoto nguvu. Arlette alikuwa na miaka miwili, na miguu yake ilikuwa myembamba kama vijiti. Kwa hiyo Georgette hakukosa shambani hata siku moja.

Lakini soja haikuwa nzuri. Mimea ilikuwa mifupi. Majani yalikuwa ya manjano.

"Hii ni msimu ya pili," alisema rafiki yake Salma, akiinua jani moja. "Angalia. Ni kama iko na homa."

"Na tumepalilia mara tatu," Georgette alijibu. "Mara tatu, Salma! Mikono yangu imetoka ngozi."

Siku hiyo Jacques alikuja kwa pikipiki. Jacques alikuwa agronomu, mtaalamu wa kilimo wa shirika lililowapa mbegu. Pamoja na mbegu aliwapa sashe, pakiti ndogo zenye unga mweusi. Aliuita dawa ya soja. Alisimama kando ya shamba na daftari mkononi. Hakuingia ndani, maana viatu vyake vilikuwa vipya.

"Bamama, hii ni aibu," alisema. "Tuliwapa mbegu. Tuliwapa dawa. Wengine wanavuna, ninyi hamvuni. Kuna sababu moja tu: uvivu."

 Georgette alichomeka jembe ardhini.

"Agronomu, unasema nani ni muvivu?"

"Sisemi jina. Ninaandika tu ripoti. Kikundi hiki kitatoka kwenye orodha ya wanaosaidiwa."

Alifunga daftari, akawasha pikipiki, akaondoka. Vumbi lake liliwafuata mpaka katikati ya shamba.

Jioni Georgette alitwanga muhogo kwa hasira. Mchi ulilia mpaka kwa jirani. Mume wake, Anatole, alikuwa anatengeneza wavu wake.

"Mama Arlette, acha," Anatole alisema. "Bale ni bantu ya bureau, ba ofisini. Hauwezi kushindana nabo."

"Bureau ni nini?" Georgette aliweka mchi chini. "Aniite masikini, nitanyamaza. Masikini, hiyo ni kweli. Lakini muvivu? Nimelima na mutoto mugongoni, kisha aniite muvivu? Hapana. Lazima nijue nini inaua ile soja."

Kesho yake alikwenda shambani mapema. Hakung'oa mimea kwa kuivuta. Alichimba taratibu kwa jembe, akaitoa pamoja na udongo wake, akaiweka katika beseni. Kisha yeye na Salma walimwendea Zainabu.

Zainabu alisomea kilimo Uvira. Sasa alifundisha biolojia katika shule ya sekondari ya mtaa wao. Aliweka mimea katika maji, akaosha mizizi polepole.

"Munaona nini hapa?" aliuliza.

"Mizizi," alisema Georgette.

"Na nini ingine?"

"Hakuna kitu."

"Huo njo ugonjwa yenyewe. Hakuna kitu." Zainabu aliinua mzizi mmoja mweupe. "Mizizi ya soja yenye afya inakuwa na vinundu, vidogo kama shanga. Ndani yake wanaishi bakteria. Ni viumbe vidogo sana, jicho haliwezi kuviona. Bakteria wengine wanaleta ugonjwa. Hawa hapana. Hawa wanachukua chakula kutoka hewani na kuipa soja. Soja nayo inawapa sukari yake. Wanasaidiana."

"Na wanatoka wapi?" Salma aliuliza.

"Katika udongo wetu hao wa soja ni wachache. Kwa hiyo tunawaleta sisi wenyewe. Ule unga mweusi mulipewa si dawa kama ya kuua wadudu. Ni udongo laini wenye bakteria walio hai. Tunaupaka kwenye mbegu, na mbegu inaingia nao ardhini. Ni kama kuchanja."

Georgette alikunja uso. "Kuchanja? Kama batoto?"

"Si sawa kabisa. Mtoto anachanjwa ili mwili ujifunze kupigana na ugonjwa. Mbegu inachanjwa ili ipate rafiki. Lakini kuna jambo moja linafanana. Nesi anabeba chanjo ndani ya nini?"

"Ndani ya kisanduku cha baridi."

"Kwa nini?"

"Joto inaiharibu."

"Basi hata hii joto inaiua. Ninyi dawa yenu ilikaa wapi?"

Salma na Georgette walitazamana. Wote walijua. Sashe zilikaa miezi mingi katika depo, ghala la shirika. Depo hiyo ina paa la mabati na haina dirisha. Mchana hata mtu hawezi kukaa humo kwa joto.

"Mimi niko na sashe moja ilibakia," alisema Salma. Alikimbia nyumbani, akarudi nayo.

Zainabu aliigeuza. Maandishi yote yalikuwa ya Kifaransa. Alisoma, kisha akatafsiri. "Weka mahali penye baridi. Weka mbali na jua. Usichanganye na mbolea ya dukani." Alisogeza sashe karibu na macho. "Na hapa kuna tarehe. Mungu wangu! Siku muliyopanda, dawa hii ilikuwa imepita muda wake mwaka muzima na miezi ine."

Georgette aliichukua ile sashe, akaitazama. 

"Kwa hiyo tulipanda na maiti."

"Ndiyo. Na mulichanganya namna gani?"

"Alituambia tuianike kwa jua ikauke vizuri. Na tutie mbolea ndani pamoja."

"Nani aliwaambia?"

"Jacques! Jacques mwenyewe!" Georgette alisimama. "Dawa ilikufa kwake. Ile yenye haikufa, akatufundisha tuiue. Halafu anaandika sisi ni bavivu!"

Siku ya tatu akina mama wote kumi na mmoja walikwenda kwenye ofisi ya shirika. Georgette alitangulia na beseni la mimea kichwani na Arlette mgongoni. Zainabu alifuata. Mlinzi alitaka kuwazuia, lakini aliona nyuso zao, akafungua lango.

Jacques alitoka mlangoni. "Bamama, leo si siku ya mukutano."

"Si mukutano," alisema Georgette. Aliweka beseni miguuni pake. "Tumeleta ripoti yetu. Soma hii." Alimpa sashe.

"Ninaijua."

"Soma tarehe. Kwa sauti."

Jacques aliangalia sashe. Alitaka kumrudishia.

"Mikono yako inajua kuandika muvivu," Georgette alisema. "Mudomo wako haujui kusoma tarehe?"

Kwa kelele hizo mkuu wa ofisi alitoka. Aliitwa Mama Godelieve. Alichukua sashe, akaisoma mwenyewe. Kisha alimgeukia Jacques.

"Ulijua?"

"Barabara ilikuwa mbaya," Jacques alijibu chini chini. "Dawa zilichelewa njiani, kisha zikakaa depo. Nilifikiri zitafanya kazi kidogo. Na nilifikiri bamama hawataelewa mambo ya bakteria."

"Hukutuuliza," alisema Georgette. "Mimi ninaelewa maziwa kuchacha. Ninaelewa samaki kuoza. Kwa nini nisielewe dawa kufa? Ungesema tu ukweli, tungengoja. Tumepoteza misimu miwili. Batoto betu balikosa chakula misimu miwili!"

Mama Godelieve alisema watatazama jambo hilo. Georgette alikataa. Alisema hawaondoki mpaka ripoti iandikwe upya mbele yao. Akina mama walikaa chini, wote, kwenye ukumbi wa ofisi. Arlette alilala juu ya kanga katikati yao.

Saa nane mchana Jacques alisoma ripoti mpya kwa sauti. Ilisema kosa ni la dawa na la maelekezo, si la akina mama. Kisha aliwaomba msamaha. Aliomba akitazama sakafu, lakini aliomba.

Mwezi wa pili, wakati wa kupanda, walipata sashe mpya. Zainabu alikuja nazo asubuhi, zimefungwa katika kitambaa chenye maji. Walikaa kivulini, kila mmoja amenawa mikono.

"Angalieni tarehe kwanza," alisema. "Pakiti moja ni ya kilo kumi za mbegu. Tunayeyusha sukari kidogo katika maji. Tunalowesha mbegu kidogo tu, zisiogelee. Sukari inafanya unga ushike."

Georgette alimimina unga mweusi juu ya mbegu. Alikoroga kwa mikono, taratibu, ili maganda yasipasuke. Mbegu zote zikawa nyeusi.

"Sasa hatuziwekei jua, hatuziwekei mbolea," alisema Zainabu. "Tunapanda leo leo, katika udongo wenye unyevu. Kila shimo tunalifunika mara moja."

Kabla ya kufungua sashe, Zainabu alikuwa amewaomba waache mistari mitatu bila dawa. Hiyo walikuwa wameipanda kwanza, kabla mikono haijagusa unga.

"Kwa nini tupoteze mistari tatu?" Salma alikuwa ameuliza.

"Ili musiniamini mimi. Muamini macho yenu."

Baada ya majuma sita hakuna aliyehitaji maelezo. Mistari mitatu ilikuwa ya manjano. Mingine yote ilikuwa kijani kizito. Georgette alichimba mmea mmoja wa kijani, akauosha. Mizizi ilijaa vinundu. Alipasua kimoja kwa ukucha. Ndani kilikuwa chekundu kama nyama.

"Nyekundu maana yake wanafanya kazi," alisema Zainabu. "Kikiwa cheupe au kijani, hawafanyi."

Mwezi wa sita walivuna. Shamba lile lile, mikono ile ile, majembe yale yale. Kila mama alipeleka nyumbani magunia mawili. Georgette alikaanga soja, akasaga, akachanganya na unga wa mahindi. Kufikia mwezi wa tisa Arlette alikuwa anakimbiza kuku uani, na mama yake alikuwa anamfokea kwa furaha.

Mwezi wa kumi, wakati wa kupanda tena, akina mama wa kijiji cha jirani walikuja kujifunza kwa Georgette. Walikuwa wanamngojea dereva wa shirika alete dawa. Dereva huyo, Dany, alifika saa saba mchana. Katoni ilikuwa imefungwa nyuma ya pikipiki, juani.

Georgette aliweka kiganja juu yake. Ilikuwa ya moto.

"Rudisha," alisema.

"Mama, saini tu hapa. Nimetoka mbali."

"Sisaini. Hii karatasi inasema nimepokea dawa iliyo hai. Dawa hii imepikwa."

Dany alilalamika. Alisema mvua imenyesha na udongo uko tayari. Alisema wengine watapokea. Georgette alimrudishia karatasi yake. Mwishowe Dany aligeuza pikipiki, akaenda na katoni yake.

Mama mmoja wa kijiji cha jirani aliingiwa na hofu. "Na kama habatatuletea ingine?"

"Tutaenda kwa bureau," alisema Georgette. "Njia tunaijua."

Hawakuhitaji kwenda. Siku ya tatu, jua likiwa bado halijachomoza, Jacques mwenyewe alifika. Alibeba kisanduku cha baridi begani, kama nesi. Georgette alipitisha mkono ndani, akahisi ubaridi, akaangalia tarehe, akatia saini. Saa nne asubuhi mbegu zote zilikuwa chini ya udongo.