Mshipi wa Masenarti

Katika enzi ambazo Nubia ilikuwa bado nchi ya misalaba, na makanisa ya matofali yalisimama juu ya miamba ya mto Nile, ngome ya Masenarti ilikuwa chini ya Ajurta mwana wa Goase, jemadari wa wapiga upinde mia mbili. Alikuwa mtu mrefu, mwenye maneno machache. Kwenye kidole gumba cha mkono wa kulia alivaa pete nene ya jiwe, ambayo kwayo wapiga upinde wa nchi ile waliivuta kamba ya uta. Wageni waliwaogopa kwa sababu walilenga jicho, na mara nyingi walilipata.

Mwaka tunaousimulia, Ajurta alikuwa na hasira. Hakupiga kelele wala hakuvunja vitu. Alikula kidogo, akalala kidogo, na mtu akimsemesha alijibu baada ya muda, kama aliyerudi kutoka mbali. Aliyemkasirisha alikuwa ndugu yake, ambaye hawakuchangia mama wala baba.

Ndugu huyo aliitwa Darme, bwana wa Fagirsa, mji wa mitende uliokuwa mwendo wa siku mbili kuelekea juu ya mto. Baba zao walipigania kivuko kimoja kwa miaka kumi na miwili, na pande zote mbili zilizika watu. Wana walipochoka kuzika, walikwenda pamoja kwenye kanisa la Masenarti, lililowekwa wakfu kwa Sergio na Bakko, askari wawili wa kale waliouawa kwa ajili ya imani yao. Wakaomba wafanywe ndugu, kama Kanisa lilivyokuwa likifanya tangu zamani.

Ibada haikuwa ndefu. Kasisi Yesusiko aliwasimamisha mbele ya madhabahu, mkubwa kulia na mdogo kushoto, kila mmoja na mshumaa wake. Wakaweka mikono juu ya Injili. Akawazungushia viunoni mshipi mmoja wa sufu nyekundu, akaufunga, akasoma sala inayowataja Petro na Paulo, waliokuwa ndugu si kwa tumbo bali kwa roho. Waliibusu Injili, wakabusiana, wakatoka kwenda kula sahani moja.

Katika nchi nyingine wenye elimu walibishana. Wapo waliosema huo ni urafiki uliobarikiwa tu, na wapo waliosema ni mkataba wa vita uliovikwa joho la ibada. Watu wa Masenarti hawakubishana. Kwao nyumba ya mmoja ilikuwa nyumba ya mwenzake, jamaa za mmoja jamaa za mwenzake, na atakayemwua mwenzake alikuwa Kaini. Nao walikuwa na desturi ambayo haikuandikwa katika kitabu chochote. Mshipi ulivuliwa kwa kuteremshwa miguuni, bila kufungua fundo, ukawekwa chini ya madhabahu. Aliyetaka kuuvunja undugu sharti aje mwenyewe, ashike ncha moja, na mwenzake ashike ya pili, walifungue fundo pamoja mbele ya mashahidi. Mkono wa mtu mmoja haukuruhusiwa.

Mwaka wa kumi wa undugu huo, wapanda ngamia kutoka jangwa la mashariki waliizingira Masenarti. Ngome ilikuwa juu ya mwamba, na maji yake yaliletwa kwa ngazi ya mawe, iliyofunikwa, iliyoshuka hadi mtoni. Siku ya tatu adui aliuteka mdomo wa ngazi. Tangu hapo watu mia saba walikunywa kutoka birika moja la akiba lililochimbwa mwambani.

Ajurta aliamuru nguzo mbili za moshi ziwashwe juu ya buruji, ule mnara wa ngome. Hiyo ndiyo alama waliyoapiana yeye na Darme, na juu ya vilima vitatu kulikuwa na walinzi wa kuupokeza moshi ule hadi Fagirsa. Darme alikuwa na mashua thelathini na wapiga upinde mia nne.

Siku ya nane alikuja mtu mmoja tu kutoka Fagirsa. Alipita katikati ya kambi ya adui mchana kweupe, bila kuguswa, na jambo hilo lilimwambia Ajurta mengi kabla hajaifungua barua. Iliandikwa hivi: “Kwa Ajurta, jemadari. Nimemwuliza askofu wangu, naye amenifundisha kwamba undugu hutoka kwa Mungu kwa njia ya tumbo la mama, na kwamba kamba ya sufu haizai. Kwa hiyo hatufungwi, wewe wala mimi. Nakuombea.”

Ajurta aliisoma mara mbili.

“Ananiombea,” akasema.

Shemeji yake Eiso, mume wa dada yake Kasla, alikuwa ameegemea ukuta, midomo imempasuka. “Mwulize kama sala zake zina unyevu,” akasema.

Wakacheka, kwa maana walikuwa bado na nguvu ya kucheka. Eiso alikufa siku ya kumi na tano, baada ya siku tatu za kumpa mkewe fungu lake la maji na kumdanganya kwamba amekwisha kunywa. Waliokufa kwa kiu katika ngome ile walikuwa watu sitini na mmoja.

Siku ya kumi na tisa, saa sita, jua lilipowasukuma adui wote kwenye vivuli vya mahema, Ajurta aliteremka mwambani kwa kamba pamoja na watu themanini. Hawakuwapiga watu kwanza. Waliwapiga ngamia waliofungwa kando ya mto. Ngamia walikata kamba, wakayakanyaga mahema, na katika vumbi lile wapiga upinde walifanya kazi waliyojifunza tangu utotoni. Kufikia alasiri mdomo wa ngazi ulikuwa mikononi mwao. Baada ya siku mbili adui aliondoka. Watu wa Masenarti walishuka mtoni, wakanywa, na wengine waliingia majini na nguo zao wakakaa humo.

Kasla alimkuta kaka yake ameketi kwenye kizingiti cha kanisa, uta magotini.

“Mto uko wazi,” akasema. “Umekaa kwa nini?”

“Namngoja kasisi.”

“Mtu aliyekufa kwa kiu huwa na ulimi mweusi, kaka. Ulimwona Eiso. Sasa kasisi akuambie nini?”

Kasisi Yesusiko alitoka akichechemea, mshipi mwekundu mikononi. “Nitamwambia alijualo,” akasema. “Akimwua Darme leo, ameua ndugu. Na watu hawa hawatamfuata Kaini hata hatua tatu.”

“Darme amesema si ndugu yangu,” Ajurta akajibu.

“Amesema kwa barua. Fundo liko palepale.” Mzee akaugeuza mshipi. “Nimewafunga ndugu jozi arobaini katika maisha yangu. Hakuna aliyerudi kufunguliwa. Nilikuwa nikijisifu kwamba najua kufunga.”

Ajurta alinyoosha mkono. “Nipe. Atashika ncha yake, nami nitashika yangu. Likifunguka, sitakuwa na ndugu Fagirsa. Nitakuwa na adui, na adui najua la kumfanya.”

“Na wajane?” Kasla akauliza.

“Wabaki hapa wapumzike.”

“Wamepumzika siku kumi na tisa, hawana hata nguvu za kulia. Watakuja. Na aliyewaua kwa kukaa kimya awaone mmoja mmoja.”

Hakuna aliyembishia. Walikwenda kwa kufuata ukingo wa mto, wapiga upinde mia moja na ishirini mbele, wanawake na vilema nyuma. Njia nzima Ajurta hakuutia mshipi katika mfuko wala podo la mishale. Aliubeba mkononi, na kila mara kidole gumba chenye pete kilikuwa kikilipapasa fundo lile.

Walipofika Fagirsa waliwaona wapiga upinde wa Darme wamepanga safu juu ya ukuta. Lakini nyuta zao zilikuwa zimeshushwa.

“Tuliuona moshi, Bwana Ajurta,” mmoja wao akaita kutoka juu. “Tuliuona kila siku.”

“Mlipendezwa na rangi yake?” Kasla akamjibu.

Yule mtu aliinamisha kichwa. Muda si muda lango likafunguliwa, na aliyelifungua hakungoja amri.

Darme alikuwa uani, kwenye baraza yenye nguzo, mkeka wa chakula umetandikwa mbele yake. Kulikuwa na tende, samaki wa kukaanga, na mitungi minne ya maji inayotoka jasho kwa ubaridi. Alivaa joho jeupe na msalaba wa fedha. Alisimama, akafungua mikono.

“Ndugu yangu,” akaanza.

Mnong’ono ulipita miongoni mwa wajane, kama upepo katika mabua makavu. Ajurta alisukuma sahani kando kwa mguu, akaulaza mshipi juu ya mkeka.

“Shika ncha yako.”

Darme aliutazama mshipi. Kisha aliitazama pete ya jiwe, kisha podo lililojaa, akaelewa. Mikono yake ikarudi ndani ya joho.

“Sitaishika.”

“Uliandika kwamba kamba ya sufu haizai. Kama haizai, kuifungua ni kazi ya vidole tu.”

“Askofu naye ni mtu. Anaweza kukosea.”

“Siku zote za kiu yetu ulilipenda kosa lake.”

Darme alipandisha sauti, na kwa mara ya kwanza alisema kweli. “Wapanda ngamia walinitumia neno. Nikikaa, mitende yangu haitaguswa wala watu wangu. Nina watu elfu mbili hapa. Wewe ungefanyaje?”

Swali hilo halikuwa la kipumbavu.

“Ningekuja nimechelewa,” Ajurta akasema. “Ningekuja na mashua tatu badala ya thelathini. Huenda ningekuja nikashindwa, nikalia juu ya kaburi lako. Lakini usingepata barua kwangu. Wazee walisema udugu ni kufaana, si kufanana. Shika ncha, Darme.”

“Sishiki. Mimi ni ndugu yako mbele ya Mungu na mbele ya watu hawa wote. Ukinipiga, wewe ni Kaini.”

Ajurta alitia mshale kwenye kamba. Aliivuta hadi pete ikamgusa shavu, na ncha ya mshale ikatulia juu ya jicho la kushoto la Darme. Watu wa Fagirsa na watu wa Masenarti waliona anaushikilia bila kuachia, ingawa uta ule haukuumbwa ili uvutwe na kushikiliwa. Jasho lilimtiririka. Aliyemkana siku ya kiu sasa alijificha nyuma ya fundo lilelile, na fundo lilimficha kweli. Hilo ndilo lililomuuma kuliko vifo vyote.

Ndipo Kasla akacheka. Hakikuwa kicheko cha furaha.

“Kaka, amesema ni ndugu yako?”

“Amesema.”

“Mbele ya watu?”

“Umesikia.”

“Basi ni kaka yangu mimi pia.” Alipita chini ya mkono wa uta, akaketi kwenye mkeka mahali pa bwana wa nyumba, akajivutia mtungi. “Kaka Darme, shemeji yako Eiso amefariki na hatukukuona matangani. Tumekusamehe usumbufu wa safari, tumeuleta msiba kwako. Ghala liko wapi?”

Darme alitupa jicho kuelekea mlango wa ghala.

“Mwenye shibe hamjui mwenye njaa,” Kasla akaendelea, sasa bila kucheka, “lakini akila naye kila siku atamjua. Nyumba ya mmoja ni nyumba ya mwenzake. Hawa ni wajane wa nyumba yako. Ingieni, mama zangu, mko kwenu.”

Wajane wakaingia. Wapiga upinde wa Fagirsa walishuka ukutani na kuwapisha, na wengine waliwashikia mitungi wakinywa. Ajurta aliutazama uso wa Darme, akaona hofu ya kufa ikitoka na nyingine ikiingia. Akaulegeza uta taratibu.

“Sijakusamehe,” akasema. “Sikiliza vizuri. Kuanzia leo nusu ya wapiga upinde wako wanalinda ngazi ya Masenarti. Wewe utakula sahani moja na wajane hawa, utakula wa mwisho na kunywa wa mwisho, hadi utakapokufa. Mshipi utatundikwa juu ya mlango wako. Siku yoyote utakayochoka na ndugu zako, niite. Nitakuja siku hiyohiyo, nishike ncha yangu.”

Darme aliishi miaka kumi na mmoja baada ya hapo. Kila Pasaka Ajurta alikwenda Fagirsa, akasimama chini ya ule mlango na kuuliza swali moja: “Tulifungue?” Na kila Pasaka Darme, aliyezidi kukonda, alijibu: “La, ndugu yangu.” Hawakuzungumza zaidi ya hayo. Hasira ya Ajurta haikupoa. Ilizeeka pamoja naye tu, kama uta unaotunzwa kwa mafuta.

Darme alikufa kwa homa, akazikwa Masenarti. Ajurta alimfuata baada ya miaka sita. Sheria ya undugu ilisema ndugu hulala kaburi moja, na kasisi kijana aliyeshika nafasi ya Yesusiko alikuwa mtu wa sheria. Aliwalaza ubavu kwa ubavu, mshipi juu yao, fundo halijafunguliwa. Akachonga jiwe: *Ajurta na Darme, ndugu si kwa tumbo bali kwa roho.*

Mahujaji waliopita baadaye walilishika jiwe lile, wakalia, wakaomba Mungu awajalie kupendwa kama watu wawili hao walivyopendana. Kasla, ambaye sasa alikuwa kikongwe mwenye fimbo, alikuwa akiketi karibu na mlango wa kanisa na mtungi wake. Aliwasikia wote. Hakumsahihisha hata mmoja. Aliwangoja wamalize sala, kisha akawauliza kama wana kiu.