Mama Atapita Wapi?

Asubuhi ile dada yangu alikuwa amekaa mlango wa nyuma akichambua maharage, na mbele huko randa za wanawe wawili zikilia kwa zamu. Nyumba yao ilikuwa hivi: mbele karakana ya useremala, nyuma vyumba, na ubavuni ujia mwembamba wa kutokea barabarani. Njia ni hiyo moja tu. Marehemu shemeji yangu aliacha hati moja ya kiwanja kizima.

Mara tukasikia kelele.

"Toa mbao zako hapa!"

"Kwani karakana ya baba yako peke yako?"

"Mimi ndiye mkubwa!"

"Mkubwa wa mdomo!"

Wiki haikuisha, mkubwa akafungua kesi kudai karakana. Mdogo naye, asionekane mnyonge, akafungua yake kudai vyumba. Karani wa mahakama, mtu mzima mwenye miwani iliyofungwa uzi, akawaonya:

"Hati moja, shahidi mmoja, tena mama yenu. Ombeni kesi ziunganishwe."

"Yangu haichanganywi na ya mwizi," akasema mkubwa.

"Afadhali ichanganywe na takataka," akajibu mdogo.

Jamani, hapo tu ndipo walipokubaliana. Mafaili yakaenda kwa mahakimu wawili. Dada yangu akasimama kote kuwili na swali lile lile: "Mheshimiwa, mimi nitapita wapi?" Wa kwanza akasema ujia uko kwenye kesi nyingine. Wa pili akasema hivyo hivyo. Mama wa watu akawa mpira!

Mkubwa akapewa karakana, mdogo vyumba. Ujia haukuandikwa popote.

Kesho yake mkubwa akaziba ujia kwa matofali. "Nionyeshe palipoandikwa njia!"

Mdogo akakata waya uliotoka vyumbani kwenda kwenye mashine za karakana. "Nawe nionyeshe palipoandikwa umeme!"

Mama yao akabaki ndani. Ilibidi tumtoe kwa ngazi, juu ya ukuta, na wanawe walioishikilia ngazi wakaanza kutukanana, huyu akivuta, yule akisukuma. Akaanguka. Nyonga ikavunjika. Nikamchukua kwangu.

Wakashtakiana tena, ikaja kesi ya tatu, ya ukuta na umeme. Safari hii hakimu hakuwauliza wanataka nini. Aliyaweka mafaili yote kwenye meza moja, akayasoma, akaamuru: ukuta ubomolewe, umeme urudi, ujia ni wa wote.

Wakaja kwangu vichwa chini. "Mama, njia iko wazi. Twende nyumbani."

Dada hakuinua macho. "Niliondoka kwa ngazi, na ngazi mliitikisa nyinyi. Siendi."

Hajaenda mpaka leo.

Funzo

Wanangu, kesi zisizohusiana ziacheni kila moja kivyake. Lakini mali ya hati moja, yenye mashahidi wale wale, msiikate vipande mkampa kila hakimu chake. Ombeni kesi zake zisikilizwe pamoja, hata kama hamtazamani usoni. Hawa wawili walitenganishiwa kesi na chuki, na chuki haikuuliza mama atapita wapi.