Bangili za Kijani za Ramila

"Mama, nani kakuletea bangili?"

Ramila alishtuka, akakificha kiboksi cha bangili chini ya sari yake nyeupe kama mtoto aliyekutwa na sukari mdomoni.

"Hetal! Si ulisema unarudi usiku?"

"Nijibu kwanza."

"Jayant. Yule fundi cherehani wa hapa mtaani kwetu Al Twar, aliyetoka Mombasa."

Hetal akaketi. Alikuwa mhandisi wa kompyuta kule Silicon Oasis, kwenye kampuni za teknolojia. Alivaa suruali, nywele alizikata, na mchumba alijitafutia mwenyewe. Ramila aliyameza yote hayo. Yeye, tangu afiwe na mume miaka tisa iliyopita na kuvunjiwa bangili za ndoa mikononi kama desturi ya wajane wa kwao, hakuvaa tena rangi.

"Mama, wewe mjane! Watu wa hekaluni watasema nini?"

"Ulipokata nywele walisema pia. Nikawajibu, kichwa ni chake."

 Simu ya Ramila ikalia, ujumbe wa Jayant umeingia:

"Bi Ramila, saa kumi na moja naja kunywa chai. Ukinifungulia mikono mitupu, nitakunywa, nitaaga, sitakuuliza tena habari ya ndoa. Ila tangawizi usiisahau."

Ramila akacheka huku machozi yakimlengalenga.

"Mzee mzima, ulafi haumwishi!"

"Unampenda, Mama?"

"Kila siku huniuliza nimekula nini."

"Kwani mimi sikuulizi?"

"Wewe huniuliza kama nimemeza dawa."

Hetal akainamisha kichwa.

"Siku walipokuvunjia bangili nilikuwa mlangoni. Naogopa, Mama. Ukivaa tena, Baba atakuwa amekufa kweli."

Ramila akamvuta kifuani.

"Amekufa, mwanangu. Aliyebaki ni mimi."

 Kisha Hetal akafuta pua, akatazama saa.

"Imebaki robo saa! Lete mkono."

Bangili ya kwanza ikakwama kwenye kiganja.

"Polepole, ni kioo!"

"Subiri, nilete sabuni."

Moja baada ya nyingine, Hetal alizipitisha kwenye povu, ulimi nje kama anayetunga uzi sindanoni. Kengele ya mlango ikalia.

"Mama, bado wa kushoto!"

"Mmoja unatosha kufungulia mlango."

Jayant alisimama pale amenyoa vizuri, shati limepigwa pasi. Hakumtazama usoni. Alitazama mkono uliolowa povu, bangili za kijani zikigongana.

"Chai... iko tayari, Bi Ramila?"

"Hata maji sijabandika. Ingia ukae, Jayant. Binti yangu anamalizia mkono wa pili."