Wimbo Waliousifu Haukuwa Wangu

Nina umri wa miaka arobaini na mitatu, mama wa watoto wawili, na kwa miaka kumi na minane nimekuwa nikiimba jazi katika hoteli moja hapa Malindi. Jumapili mchana wageni wanakula, mimi naimba. Huenda umewahi kunisikia huku ukichambua miba ya samaki wako, bila kujua jina langu. Naitwa Kadzo. Nawaandikia haya, wasomaji wenzangu, kwa sababu nimechoka kupongezwa.

Mama mzazi alifariki nikiwa bado nanyonya. Nililelewa kijijini Tezo na dada yake mkubwa, Mbeyu, ambaye majirani humwita Mama Mbeyu kwa jina lake mwenyewe, nami hadi leo namwita mama. Yeye alijaliwa mtoto mmoja tu wa kumzaa, Karisa, aliyeumwa na nyoka shambani akiwa na miaka sita. Hakupona.

Baada ya maziko, mama alimtungia mwanawe wimbo. Hakuuimba kanisani wala matangani. Aliuimba akiwa peke yake jikoni, kwa sauti ya chini, akikuna nazi. Ukiingia, ananyamaza. Sisi wa nyumbani tulijua kwamba wimbo ule hauulizwi.

Mwaka juzi nikapata nafasi ya kurekodi albamu yangu ya kwanza, katika studio moja ya Mtwapa. Nilikuwa na nyimbo nane, zote nimezitunga mwenyewe, nyingine nimezihangaikia miaka na miaka. Mtayarishaji alikuwa Odera, mtu wa bara, mpole, mwenye sikio kali. Tulipomaliza wimbo wa nane aliegemea kiti, akasugua macho.

"Dada Kadzo, unaimba vizuri," akasema. "Lakini mimi bado nasikia hoteli. Huna kitu ambacho ni cha kwenu, cha ndani?"

Neno lile lilinichoma... Wiki hiyo nikaenda Tezo kumjulia hali mama. Nilipokaribia jikoni nikasikia anaimba. Hakuwa amenisikia. Nikasimama kando ya mlango, nikatoa simu, nikamrekodi mpaka mwisho. Kisha nikarudi nyuma hatua chache, nikapiga hodi kama mtu aliyefika sasa hivi.

Ningeweza kuwaambia sijui nilipatwa na nini. Najua. Ilikuwa tamaa.

Odera aliisikiliza sauti ile mara tatu. Halafu akaniuliza, "Huyu ni nani? Ameridhia?"

"Ni mama yangu. Ameridhia," nikajibu. "Ila hataki jina lake litajwe."

Uongo wa kwanza na wa pili, kwa pumzi moja. Odera akaniamini. Akaweka gitaa chini ya sauti ya mama, na saksofoni kidogo mwishoni. Ukawa wimbo wa tisa, na kwenye jalada mwimbaji aliyeandikwa ni mmoja tu: Kadzo.

Albamu ilipotoka, mhakiki wa gazeti moja aliiandikia nusu ukurasa. Nilinunua nakala tano kabla sijasoma hata mstari! Nyimbo zangu nane alizimaliza kwa sentensi mbili. Alisema naimba kama mtu anayeogopa kumkatiza mgeni anayekula. Kisha akaandika aya nne juu ya wimbo wa tisa. Eti hapo Kadzo anabadilisha sauti, anakuwa mama aliyefiwa, na hajapata kumsikia mwimbaji wa pwani akithubutu hivyo. Waliofuata wakaandika yale yale.

Mnaelewa, jamani? Jasho langu lote lilitupwa kando, nikavishwa taji kwa sauti ya mtu mwingine. Nilikasirika. Na bado sikumsahihisha mtu. Kwa nini? Kwa sababu sifa ni tamu, hata ile usiyostahili.

Nikaalikwa kwenye redio, Kilifi, asubuhi moja. Mtangazaji akaniuliza ile sauti niliitoa wapi. Nikajibu bila haya, "Kwenye maumivu yangu." Akaupiga wimbo wote.

Saa hiyo mama alikuwa kwa jirani, wanapukuchua mahindi, redio inaongea. Akasikia jina la Karisa likitoka humo, tena kwa sauti yake mwenyewe. Jirani akamuuliza, "Mama Mbeyu, si wewe huyo?" Mama akainuka, akaenda zake bila kuaga. Ni jirani huyo aliyenipigia simu.

Alasiri hiyo nilikuwa Tezo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Hakunitazama. "Siku hiyo ulikuwa umesimama wapi?"

"Nje. Kando ya mlango."

"Nilikukosea nini, Kadzo?"

Nikapiga magoti. Nikamwambia nitaufuta, nitasema ukweli kila mahali. Akatikisa kichwa.

"Useme usiseme, hiyo ni juu yako. Mimi nikiuimba ule nilikuwa namwona mwanangu. Sasa nikiuanza, nasikia gitaa."

 

Nilimweleza Odera ukweli. Hakunigombeza. Aliuondoa wimbo siku ile ile, akanambia nitafute studio nyingine. Nikamwandikia mhakiki nikaungama yote, naye akachapisha mistari michache chini kabisa ya ukurasa. Nani huisoma mistari ya namna hiyo? Wimbo ulikwisha kuingia kwenye simu za watu. Hotelini bado wananiomba niuimbe. Nikikataa, wanasema najivuna. Nikieleza kwamba sauti ile ni ya mama, wanacheka wakidhani namsifu tu. Zile nyimbo zangu nane, ambazo hadi leo naziamini, hakuna aliyeniuliza habari zake.

Mama hakunifukuza. Nikienda ananipikia, ananiuliza hali za wajukuu. Lakini haimbi tena. Nilimsihi mara moja tu, akanijibu kwa upole kwamba chai yangu inapoa.

Ndugu zangu mnaoimba, mnaoandika, mnaopiga picha: msichukue huzuni ya mtu kwa kuwa ni wa kwenu. Muulizeni kwanza. Akikataa, kubalini kazi yenu ipungukiwe, na wahakiki waseme watakalo. Dharau ya gazeti hupita.

Na wewe ambaye umeshafanya kama nilivyofanya, usingoje redio ikutangulie. Nenda leo, ukaseme kwa mdomo wako.